Umeumia Ajalini? Namna ya Kudai Fidia, Hatua kwa Hatua

Anayelipwa vizuri baada ya ajali ya barabarani si lazima awe ndiye aliyeumia zaidi. Mtu aliyevunjika nyonga anaweza kuondoka na kiasi cha kusikitisha, na aliyevunjika vidole viwili akalipwa kila alichostahili. Mara nyingi kinachowatofautisha ni makaratasi na subira: nani alikusanya ushahidi mapema, na nani alikataa kutia sahihi kabla mwili wake haujaonyesha utaishia wapi. Nitakaa sana kwenye mambo hayo mawili. Mengine nitayapitia haraka.

Jua kwanza unathibitisha nini

Katika nchi nyingi, zikiwemo zile za Afrika Mashariki zilizorithi sheria ya Kiingereza, mdai hubeba mzigo wa kuthibitisha mambo matatu: kuna aliyezembea, uzembe wake ndio uliokuumiza, na majeraha hayo yamekutia hasara hii na hii. Kipimo chake si kizito kama cha jinai. Kule jinai mashaka ya maana yakibaki, mshitakiwa huachiwa. Huku kwenye madai inatosha mizani iegemee upande wako, hata kama ni kidogo. Ndiyo maana dereva akiachiwa huru katika kesi ya trafiki, madai yako hayajafa. Akitiwa hatiani, chukua nakala ya hukumu uiweke kwenye faili, maana sehemu kubwa ya kazi imekwisha kufanyika.

Ziko nchi zenye utaratibu mwingine kabisa. New Zealand tangu 1974 humlipa aliyeumia bila kuuliza nani alikosea, na kwa sababu hiyo imemwondolea haki ya kumfungulia dereva kesi ya kawaida ya fidia ya jeraha hilo. Nchini Ufaransa, kwa sheria ya 1985, mtembea kwa miguu aliyegongwa na gari hulipwa majeraha yake hata kama naye alizembea, ila tu uzembe wake usiwe wa kupindukia na usiwe ndio chanzo pekee cha ajali. Kwa hiyo, kabla ya yote, uliza: hapa nilipoumia, je, lawama inahesabika? Yanayofuata yanachukulia kwamba inahesabika.

Hatua ya kwanza: pale pale barabarani

Kama unaweza kusimama, fanya wewe. Kama huwezi, mwombe ndugu au msamaria afanye kabla magari hayajasogezwa. Piga picha za namba za usajili za magari yote, stika ya bima kwenye kioo, jinsi magari yalivyokaa, alama za breki kwenye lami, vibao vya barabarani, taa zilizokufa, mashimo. Piga ya karibu, kisha rudi nyuma upige inayoonyesha barabara yote. Picha ya bampa peke yake haisemi gari lilikuwa upande gani wa barabara.

Chukua majina na simu za mashahidi, na usiishie kwa abiria wenzako. Mtu aliyekuwa amekaa kando ya barabara, asiyemjua yeyote kati yenu, ana uzito kuliko abiria watano wa gari lako. Muulize dereva gari ni la nani. Dereva anaweza kuwa hana kitu mfukoni, lakini mwenye gari aliyemtuma kazi hujibu kwa makosa ya mtu wake, na bima huwa imekatwa kwa gari hilo.

Kuhusu maneno: usiombe radhi kwa namna ya kukiri kosa, na usimwambie yeyote kwamba hukuumia. Hujui bado.

Hatua ya pili: hospitali, siku hiyo hiyo

Hapa ndipo madai mengi hufia, na hufa kimyakimya. Mtu anatoka ajalini akitembea, anajifuta vumbi, anaenda nyumbani kulala. Siku ya pili shingo imekaza, siku ya nne mkono una ganzi, na wiki inayofuata ndipo anamwona daktari. Kampuni ya bima itakapolisoma faili lake itauliza swali moja tu: katika wiki hiyo nzima, ni nini kingine kilichomtokea?

Mwili wenyewe unachangia kutudanganya. Wakati wa hatari humwaga homoni zinazofunika maumivu, na majeraha ya misuli na mishipa ya shingo mara nyingi hujitokeza baada ya saa nyingi au siku mbili. Aliyegonga kichwa anaweza kuwa na damu inayovuja taratibu ndani ya fuvu na dalili zikaja siku au hata wiki kadhaa baadaye, hasa akiwa mzee au akitumia dawa za kuzuia damu kuganda. Kichwa kinachozidi kuuma, kutapika, usingizi usio wa kawaida au kuchanganyikiwa ni mambo ya kurudi hospitali usiku huo huo, fidia au bila fidia.

Mbele ya daktari, taja kila kinachouma kuanzia kichwani hadi unyayoni, hata kile unachoona aibu kukitaja kwa udogo. Daktari huandika alichoambiwa na alichokiona. Goti lililochubuka ambalo halikuandikwa siku ya kwanza, likija kuhitaji upasuaji baada ya miezi minne, litaonekana ni goti la ajali nyingine. Kabla hujaondoka, soma karatasi: jina, tarehe, na upande. Kosa la kuandika kushoto badala ya kulia hurekebishwa kwa dakika moja ukiwa bado dirishani, lakini baada ya mwaka mmoja linaweza kuhitaji kiapo.

Fuata pia fomu ya polisi inayojazwa na daktari. Tanzania ni PF3, Kenya ni P3. Weka nakala. Na ukipangiwa kliniki, nenda. Kila tarehe uliyokosa ni hoja ya bure unayomkabidhi mlipaji.

Hatua ya tatu: polisi

Ripoti hata kama mmekubaliana wenyewe. Makubaliano ya kando ya barabara huyeyuka pindi bili ya kwanza ya hospitali inapofika. Unachohitaji ni namba ya ripoti, jina la askari anayepeleleza, ramani ya ajali ikichorwa, na muhtasari rasmi wa ajali unaotaja magari, madereva na bima zao. Ukikuta maelezo yako yameandikwa ndivyo sivyo, sema papo hapo. Usitie sahihi maelezo ambayo hukusomewa.

Hatua ya nne: tafuta mlipaji

Uingereza ililazimisha bima ya magari kwa sheria ya 1930, na makoloni yake mengi yakaiga. Leo karibu kila nchi hudai gari liwe na angalau bima ndogo, yaani ile inayowalipa wengine ambao gari limewaumiza. Hilo la mwisho huwachanganya watu: dereva aliyesababisha ajali yeye mwenyewe halipwi majeraha yake na bima ndogo. Anayelipwa ni mtembea kwa miguu, dereva wa gari la pili, na kwa kawaida abiria.

Thibitisha mapema kwamba bima ilikuwa hai siku ya ajali, si siku unayouliza. Stika inaweza kuwa imekwisha muda au ni ya bandia, na nchi kadhaa zina mfumo wa kuihakiki mtandaoni. Ukigundua haikuwa hai, bado una dereva na mwenye gari. Ukikimbiwa na gari lisilojulikana, ulizia kama kuna mfuko wa kuwalipa watu waliopatwa na hali hiyo: Uingereza ina chombo cha kampuni za bima kilichoanzishwa 1946 kwa ajili ya waliogongwa na wasio na bima, na Afrika Kusini ina mfuko unaochangiwa kupitia tozo ya mafuta. Mifuko hii ina masharti makali ya kuripoti, basi usichelewe.

Kama gari ni la kigeni, tafuta kadi yake. Nchi nyingi za mashariki na kusini mwa Afrika hutumia Kadi ya Njano ya COMESA (soko la pamoja la kanda hiyo), inayoifanya bima ya nyumbani kwa dereva itambulike ugenini. Hata Tanzania, ambayo si mwanachama wa COMESA, imo kwenye mpango huo. Ulaya kuna Kadi ya Kijani. Na kama uliumia ukiwa kazini, iwe wewe ni dereva, utingo au mfanyakazi aliyetumwa na mwajiri, una mlango wa pili wa fidia ya wafanyakazi, ambao kwa kawaida hauulizi nani alikosea. Mwarifu mwajiri kwa maandishi mara moja.

Hatua ya tano: faili na daftari

Sheria hugawa hasara mafungu mawili. La kwanza ni hasara inayohesabika: bili, dawa, nauli, mshahara uliokosa. Mahakama huitaka itajwe moja moja na ithibitishwe. Hakuna risiti, hakuna malipo, au utakatwa mpaka ushangae. La pili ni fidia ya jumla, yaani maumivu, ulemavu, na maisha yaliyopungua ladha, ambayo haina risiti lakini inahitaji ushahidi wake.

Kwa fungu la kwanza, weka bahasha moja na usiitoe nyumbani. Watu hukumbuka bili ya upasuaji wakasahau nauli za kwenda kliniki, magongo, mtu aliyelipwa kuwauguza, nguo zilizokatwa na muuguzi, simu iliyopasuka. Risiti za karatasi laini hufutika. Zipige picha siku hiyo hiyo. Kwa aliyeajiriwa, hati za mshahara za miezi kadhaa kabla ya ajali na barua ya mwajiri inayosema siku ulizokosa zinatosha. Aliyejiajiri ndiye mwenye shughuli. Ana mapato ya kweli lakini hana karatasi, na mahakama haiwezi kulipa anachokisema kwa mdomo tu. Taarifa ya miamala ya simu, daftari la mauzo, taarifa ya benki, kumbukumbu za kodi, leseni ya biashara: kimoja ni dhaifu, vinne kwa pamoja vinasimama. (Ukiwa umetangaza mapato madogo kwa mamlaka ya kodi, usitegemee kudai makubwa hapa. Karatasi zile zile zitasomwa.)

Kwa fungu la pili, andika daftari la kila siku, mistari miwili mitatu, kwa lugha ya kawaida. Kwa mfano:

"Jumanne. Nimeshindwa kufunga vifungo vya shati, mke wangu amenifungia. Saa nane usiku nimeamshwa na bega, nimekunywa vidonge viwili. Sijaweza kumbeba mtoto."

Maelezo kama hayo yana nguvu kuliko ukurasa mzima wa "naumwa sana". Yanaonyesha kitendo kilichoshindikana, saa, na dawa. Usiongeze chumvi. Ukiandika huwezi kuinua mkono kisha ikatokea picha yako mtandaoni ukicheza harusini, hata yale ya kweli yataonekana ya uongo. Wakaguzi wa bima huangalia mitandao, na hawajifichi kwa hilo.

Hatua ya sita: subiri mwili utulie

Usidai kiasi cha mwisho kabla daktari hajasema kwamba hali yako imefika inapoweza kufika. Paja lililovunjika huchukua miezi kuunga, na mvunjiko ulioingia kwenye kiungo unaweza kuzaa baridi yabisi miaka mingi baadaye. Yote hayo yana thamani, lakini tu yakiwa yameandikwa.

Omba ripoti kamili ya daktari, na uisome kwa makini. Tazama ripoti hii: "Alivunjika mkono wa kulia, ametibiwa, anaendelea vizuri." Kisha hii ya mgonjwa huyo huyo: "Mvunjiko wa kifundo cha mkono wa kulia, umeungwa kwa chuma na skrubu. Kifundo kinakunjika nusu ya kawaida. Nguvu ya kushika imepungua. Mgonjwa hutumia mkono wa kulia na ni fundi cherehani. Huenda akahitaji upasuaji wa pili kutoa chuma, na kuna hatari ya baridi yabisi." Ya kwanza ni kweli tupu na haina faida. Kama umepewa ya namna hiyo, rudi umwombe daktari kwa heshima aeleze mambo manne: jeraha lenyewe, kilichobaki, matibabu yajayo, na asilimia ya ulemavu wa kudumu kama upo. Mkumbushe kazi unayofanya. Upungufu ule ule ni kero kwa mwalimu na ni riziki kwa fundi.

Hatua ya saba: piga hesabu

Hasara inayohesabika ni kujumlisha. Mapato yajayo hupigwa kwa kuchukua hasara ya mwaka mmoja na kuizidisha kwa miaka. Idadi ya miaka hiyo mara nyingi hupunguzwa kidogo kuliko miaka halisi iliyobaki ya kufanya kazi, kwa kuwa fedha zote unapewa leo na maisha yana dharura zake. Maumivu na ulemavu hupimwa kwa kulinganisha: mawakili na mahakimu hutazama kesi za majeraha yanayofanana zilizokwisha kuamuliwa, kisha huongeza kidogo kwa kupanda kwa gharama za maisha. Kiasi alicholipwa jirani yako hakikuhusu, isipokuwa jeraha, umri na kazi vinafanana.

Kisha kuna lawama yako mwenyewe. Ulivuka bila kutazama, hukuvaa helmeti, hukufunga mkanda. Mfano unaotajwa mno ni wa Mahakama ya Rufani ya Uingereza, katika hukumu iliyotolewa 1975. Abiria au dereva asiyefunga mkanda hukatwa 25% kama mkanda ungezuia majeraha yote, 15% kama ungeyapunguza sana, na hakatwi kitu kama usingesaidia. Nchi nyingine zina viwango vyake, lakini mantiki ni hiyo hiyo: makato hufuata mchango wa kosa lako kwenye jeraha. Hasara ikikadiriwa 1,000 na ukabebeshwa 30% ya lawama, unaondoka na 700. Kwa hiyo anayekwambia "ulikuwa na makosa, huna chako" anakutisha tu. Kuwa na makosa kiasi, katika nchi nyingi, hupunguza fidia bila kuifuta.

Hatua ya nane: barua ya madai

Iwe fupi. Tarehe, mahali na saa ya ajali, namba za magari, namba ya ripoti ya polisi, jinsi ilivyotokea kwa aya moja, kosa la dereva, majeraha, mchanganuo wa kiasi, orodha ya viambatisho, na siku unazowapa kujibu. Peleka kwa kampuni ya bima, na nakala kwa mwenye gari. Peleka nakala tu, halisi zibaki kwako, na usiondoke bila muhuri wa kupokelewa.

Hatua ya tisa: ofa ya kwanza, na ile karatasi

Ofa ya kwanza huja mapema kwa majeraha makubwa. Huja wodini, au wiki kodi ya nyumba inapodaiwa, ikiletwa na mtu mpole. Pamoja nayo kuna hati ya kukubali malipo, na ndani yake mna sentensi inayofanana na hii:

"Napokea kiasi hiki kama malipo kamili na ya mwisho ya madai yangu yote yaliyotokana na ajali hiyo, yanayojulikana na yasiyojulikana, ya sasa na ya baadaye."

Soma maneno "yasiyojulikana" na "ya baadaye" mara mbili. Ukitia sahihi, ile baridi yabisi ya miaka mitano ijayo umeshaiuza. Kufuta hati hiyo baadaye kunawezekana ukithibitisha ulidanganywa au ulilazimishwa, lakini ni safari ndefu ambayo wengi hawaimalizi.

Kama una shida ya fedha kweli, omba malipo ya awali kwa ajili ya matibabu, na barua iseme waziwazi kwamba si ya mwisho. Ofa yenyewe usiikatae kwa hasira. Jibu kwa maandishi, fungu kwa fungu: hapa mmeacha upasuaji wa pili, hapa mmehesabu miezi miwili ya mshahara badala ya mitano, risiti hizi hapa. Mkadiriaji anahitaji kitu cha kumwonyesha bosi wake ili apandishe kiasi, na kelele haziingii kwenye faili. Usishtuke ukiona barua zao zimeandikwa kwamba wanatoa ofa bila kukubali lawama. Ni kinga ya kawaida.

Ofa ikiwa nzuri, ichukue. Kesi hula muda na ada, na kiasi cha haki kinacholipwa mwaka huu mara nyingi kina faida kuliko kikubwa kidogo cha miaka minne ijayo.

Hatua ya kumi: saa inakwenda

Mazungumzo na bima hayasimamishi ukomo wa muda. Nalirudia hili kwa kila anayeniuliza, kwa sababu wapo waliobembelezwa kwa barua za "suala lako linashughulikiwa" mpaka siku ikapita. Tanzania, Kenya, Uganda na Uingereza, muda wa kawaida wa kufungua kesi ya kuumizwa kwa uzembe ni miaka 3. Kwingine ni pungufu. Kama gari lilikuwa la serikali, mambo hubadilika: Kenya muda hushuka hadi miezi 12, na Tanzania ni lazima utoe notisi ya siku 90 kabla ya kufungua shauri. Nchi nyingi huwapa watoto muda zaidi baada ya kufikia utu uzima, lakini mashahidi hawasubiri mtoto akue.

Andika tarehe ya mwisho kwenye jalada la faili, na miezi sita kabla yake uwe tayari na wakili. Jeraha dogo lenye lawama isiyobishaniwa unaweza kulimaliza mwenyewe. Ulemavu wa kudumu, kifo, jeraha la kichwa, au bima inayokana, tafuta wakili mapema zaidi. Mtafute wewe. Dalali anayekufuata kitandani na fomu mkononi akidai anajua watu amekuja kuuza faili lako. Makubaliano ya ada yawe ya maandishi, yakionyesha wakili anachukua nini, na nani analipa gharama za daktari na mahakama kesi ikishindwa.

Fedha zikitoka, dai mchanganuo wenye kiasi kilichopokelewa kutoka kwa bima, kila makato na risiti yake, na kilichobaki. Kama bima ya afya ndiyo iliyolipa hospitali, uliza kabla ya kutumia, maana inaweza kuwa na haki ya kurudishiwa sehemu yake kutoka kwenye fidia. Za mtoto huwekwa chini ya uangalizi mpaka akue, na mzazi huziomba mahakamani kwa shule au matibabu akiwa na bili mkononi.